Nafsi Iliyopotea Katika Mazoea: Uhakiki wa Filamu Fupi "Tango"

Filamu ya Tango, iliyotengenezwa na Zbigniew Rybczyński mwaka 1980 katika studio ya Se-ma-for mjini Łódź, nchini Poland, huchukua dakika nane tu. Haina mazungumzo. Haina msuko wa matukio kwa maana inayofahamika katika madarasa ya fasihi. Kamera imesimamishwa mahali pamoja ikitazama chumba kimoja chenye milango kadhaa, dirisha, kitanda, meza, kabati na kitanda kidogo cha mtoto mchanga, nayo haikitazami kitu kingine mpaka mwisho. (Jina lake ni la ile ngoma ya watu wawili iliyozaliwa Buenos Aires na Montevideo katika karne ya 19, wala si la tango liliwalo katika kachumbari.)

Mwanzoni chumba ni kitupu. Mpira unaingia kwa dirisha na kutua sakafuni. Mvulana anafuata kwa dirisha hilo hilo, anauokota, anatoka alikoingilia. Mpira unaingia tena, mvulana anaufuata tena, na tendo lake ni lile lile hata kwa hatua na kwa kugeuza shingo, kwa kuwa ni picha ile ile iliyorudiwa. Kisha, mvulana akiwa bado katika duara lake, anaingia mwanamke aliyebeba mtoto. Anamnyonyesha, anamlaza, anatoka. Naye anaanza kurudia. Anaingia mtu mwenye kifurushi, anakiweka juu ya kabati. Mwizi anapenya dirishani na kukichukua. Anaingia mtu wa kula, mtu wa kubadilisha balbu, mwanamke wa kuvaa nguo, mlevi, wapenzi wawili, kikongwe anayejinyosha kitandani. Kila mmoja ana njia yake na muda wake, na akimaliza huanza upya. Kufikia katikati ya filamu wahusika 36 wamejaa katika chumba ambacho kwa kawaida kingewatosha watano, na hakuna aliyemgusa mwenziwe, wala aliyemtazama, wala aliyemngoja apite. Waliogusana ni wale tu walioingia wakiwa tayari wawili, yaani mama na mwanawe, na wapenzi.

Baadaye wanapungua mmoja mmoja hadi anabaki kikongwe kitandani. Mpira unaingia kwa dirisha kama ilivyo ada. Mvulana haji. Kikongwe anainuka, anauokota mpira, anatoka nao.

Wahakiki wengi wameisoma filamu hii kama habari ya uhaba wa nyumba katika Poland ya miaka ile, ambapo watu walisubiri fleti kwa miaka mingi na jamaa wa vizazi vitatu wakakaa chumba kimoja. Usomaji huo una msingi. Filamu ilitengenezwa mwaka ule ule wa migomo ya Gdańsk na kuzaliwa kwa Solidarność, na kufikia Aprili 1983, ilipopewa Tuzo ya Oscar ya filamu fupi za vibonzo, Poland ilikuwa imekwisha kutiwa chini ya sheria ya kijeshi tangu Desemba 1981. Mtazamaji wa Warszawa hakuhitaji kuelezwa maana ya kupishana kwenye chumba chembamba. Hata hivyo usomaji huo unashindwa katika jambo moja kubwa. Msongamano wa kweli huleta ugomvi. Watu 36 waliobanwa mahali pamoja hukanyagana, hutukanana, huombana radhi. Wahusika wa Rybczyński hawabanwi na lolote, kwani hawako pamoja kamwe. Mtazamaji peke yake ndiye anayewaona wamekusanyika. Neno "huku", kama katika "yule anakula huku huyu akivaa", ni neno la mtazamaji. Hakuna aliye ndani ya chumba awezaye kulitamka.

Ikiwa jambo si uhaba wa nafasi, ni nini basi? Jibu linalopendekezwa hapa linatokana na sarufi, na yamkini msomaji wa Kiswahili analo karibu zaidi kuliko mtazamaji wa Ulaya.

Katika Kiswahili sanifu kiambishi hu- cha mazoea kina tabia ambayo vitabu vya sarufi huitaja kwa sentensi moja na kuipita. Viambishi vingine vya wakati, kama vile -na-, -li-, -ta- na -me-, hutanguliwa na kiambishi cha nafsi au cha ngeli: ninasoma, ulisoma, kitaanguka, yamechemka. Hu- hukiondoa kiambishi hicho na kukaa mahali pake. Mimi husoma, wewe husoma, wao husoma, kitabu husomwa, maji huchemka. Nomino au kiwakilishi kikiachwa, linalobaki katika kitenzi ni tendo lisilo na mwenyewe, na mtu, kitabu na maji wamewekwa daraja moja. Pia hu- haielezi siku. "Huja" si jana wala si kesho.

Chumba cha Tango kimejengwa kwa kitenzi cha namna hiyo. Mpira huingia, mvulana huingia, na kamera haimpi mvulana heshima ambayo haikuupa mpira. Hakuna uso uliosogezwa karibu ili ujulikane, hakuna jina, hakuna aliyepewa nafasi kubwa kwa sababu ya umri au ya huzuni yake. Yule mama hunyonyesha. Yule mtu hula. Akiulizwa mtazamaji "nani?", hana jibu ila kulirudia tendo lenyewe: ni yule wa kunyonyesha, ni yule wa kula. Nafsi imemezwa na kawaida yake.

Tazama hasa mtu wa balbu. Anapanda mezani, anaigusa taa, umeme unampiga, anaanguka. Mara ya kwanza mtazamaji hushtuka. Mara ya tatu hucheka. Mara ya sita hamtazami tena, kwa kuwa macho yamevutwa na aingiaye mlango wa pili. Ajali ni tendo la mara moja. Lugha yake ni -li- na -ka-: alipanda, akaigusa, akaanguka. Ikitiwa katika hu- si ajali tena. Vivyo hivyo wizi. Mwizi huiba, na kifurushi hurudi juu ya kabati ili aibe tena, hata mtazamaji akapoteza kabisa hamu ya kujua ndani mna nini na mali ni ya nani. Hapo Rybczyński amegusa jambo zito kuliko uhaba wa fleti: kwamba maumivu na dhuluma, vikizoeleka, huhamia katika kitenzi kisicho na mtendaji wala mtendwa, na jicho la jirani huvipita. Hakusema hayo kwa hotuba. Ameyafanya yampate mtazamaji mwenyewe, ambaye ndani ya dakika nane amekuwa jirani wa aina hiyo.

Mtu anaweza kupinga kwamba huku ni kumvika Mpolandi kanzu ya Kiswahili. Hoja hiyo ina uzito na haifai kupuuzwa. Kipolandi nacho kina vitenzi mahsusi vya mazoea: jadać ni kula kwa kawaida, chadzać ni kwenda kwa kawaida. Lakini vitenzi hivyo hunyambuliwa kwa nafsi kama vingine. Jadam ni mimi, jadasz ni wewe. Kwa hiyo Mpolandi anapotaja mazoea yake hana budi kujitaja. Haidaiwi hapa kwamba msanii aliifuata sarufi ya lugha asiyoijua. Linalodaiwa ni kwamba filamu yake imefanya kwa picha jambo ambalo lugha yake mwenyewe haimruhusu kulifanya kwa kitenzi, na ambalo Kiswahili hulifanya kila siku bila kulistaajabia. Mhakiki wa Kiswahili anayo haki ya kulitambua.

Ni kweli pia kwamba Kiswahili kina njia nyingine za kutaja mazoea bila kuipoteza nafsi. "Alikuwa akisoma" ni njia mojawapo. "Huwa anasoma" ni nyingine, ambapo hu- imekaa kwenye kitenzi kisaidizi na nafsi ikaingia kwenye kitenzi kikuu. Imefukuzwa mlangoni ikarudi kwa dirisha, kama mvulana yule. Na katika Kiswahili cha mazungumzo cha bara nchini Kenya, ambapo watu husema "anakulanga" na "anakujanga", mazoea yametupwa mwishoni mwa kitenzi na nafsi ikabaki mbele mahali pake. Walimu wamezoea kukisahihisha kiambishi hiki kwa kalamu nyekundu. Huenda kinastahili kusikilizwa kabla ya kusahihishwa, kwa kuwa wasemaji hao hawakuridhia kumfuta mtu ili kupata mazoea yake.

Kuna jambo la tatu kuhusu hu-, na ndilo linalofungua mwisho wa filamu. Hu- haina ukanushi wake. "Huja" hukanushwa kwa kuazima umbo la wakati uliopo, na linapoazimwa umbo hilo, nafsi yote iliyokuwa imepotea hurudi mara moja: siji, huji, haji, hatuji, hamji, hawaji. (Mwanafunzi asichanganye "huji" ya nafsi ya pili na "huja" ya mazoea, zinafanana kwa sauti tu.) Katika kukubali, wote ni "huja". Katika kukataa, kila mmoja ni yeye. Mtu huonekana ndani ya kitenzi pale anapoacha kufanya alichozoea.

Hivyo ndivyo inavyotokea katika dakika ya mwisho. Mpira unapotua na mvulana asitokee, mtazamaji anamwona mvulana kwa mara ya kwanza. Amemwona mara nyingi kabla, wala hakumwona. Sasa hayupo, na kutokuwapo kwake kumempa nafsi. Mvulana haji. Ile a- iliyofichwa ndani ya "haji" ndiyo yote tuliyokuwa tukiitafuta dirishani. Naye kikongwe, ambaye kazi yake ilikuwa kulala, halali tena. Anainuka. Kuanzia hapo masimulizi yanaweza kwa mara ya kwanza kutumia -ka-: akainama, akauokota, akatoka. Filamu nzima imekuwa ikikisubiri kiambishi hicho.

Ni vema kuilinganisha na ngano ya Mwalimu Goso, iliyojulikana Zanzibar na ambayo George W. Bateman aliichapisha kwa Kiingereza mwaka 1901. Goso anafundisha chini ya mti. Paa aliyepanda kuiba matunda anaangusha moja, linampiga mwalimu kichwani, anakufa. Wanafunzi wanamtafuta muuaji. Wanaupiga upepo wa kusi, nao unasema kwamba kama ungekuwa na nguvu usingezuiwa na ukuta. Ukuta unamtaja panya, panya anamtaja paka, paka kamba, na hivyo hivyo kupitia kisu, moto, maji, ng'ombe na inzi hadi kumfikia paa mwenyewe, ambaye hana la kujibu. Ngano hii nayo hurudia na kurundika. Kila aingiaye hufuata umbo la maneno la aliyemtangulia. Lakini katika Goso kila mmoja ameshikwa na mwenziwe. Panya yumo kwa sababu ya ukuta, paka kwa sababu ya panya. Mrundiko ni mnyororo wa sababu, hata kama wengi wao wanapigwa bila hatia, na mwishoni yupo mtu wa kuulizwa. Katika Tango mrundiko hauna mnyororo. Wahusika wamewekwa sambamba kama nyuzi katika kitambaa kisicho na mshindio. (Łódź, inafaa kukumbuka, ulikuwa mji wa viwanda vya nguo.) Wanafunzi wa Goso wakiingia katika chumba hiki wakauliza nani aliyemwangusha mtu wa balbu, hawatampata hata wa kumpiga.

Hapa ndipo filamu inapoutia msukosuko uhakiki wetu wenyewe. Tangu miaka ya 1970 wanafunzi wa fasihi ya Kiswahili wamefunzwa kuuliza, mbele ya kila kazi, mgogoro uko wapi, dhamira ni nini, ujumbe kwa jamii ni upi. Maswali hayo yalikuwa na sababu zake katika miaka iliyofuata uhuru, na yametoa uhakiki mwingi wa maana. Lakini yana dhana iliyojificha, kwamba maisha hufahamika pale yanapogongana. Kazi isiyo na mgongano huonekana aidha mchezo mtupu au fumbo la makusudi. Riwaya za Euphrase Kezilahabi, Nagona (1990) na Mzingile (1991), ziliwatatiza wasomaji waliozoea msuko ulionyooka kwa sababu iliyo karibu na hii. Tango haina mgogoro hata mmoja. Yapo mambo 36 ambayo kila moja lingeweza kuwa mgogoro, mwizi na mwenye mali, mlevi na mtoto mchanga, mwanamke anayevaa na macho ya wanaume wanaopita, na yote yamezuiwa yasikutane. Mhakiki anayetafuta mgogoro atatoka mikono mitupu na kuandika kwamba filamu haina maudhui. Maudhui yake ni huko kuzuiwa.

Kuhusu kazi iliyofanywa, inatosha kutaja maelezo ya msanii mwenyewe: alichora na kupaka rangi vipande vya seluloidi vipatavyo 16,000, ili kila umbo litengwe na mengine, kisha akazipiga picha mara laki kadhaa kwa mashine ya kunakilia filamu, kwa miezi 7, saa 16 kwa siku. Anasema makosa yake ya hesabu hayakufika mia. Kuna kejeli hapa ambayo bila shaka hakuitafuta. Mtu aliyekaa akirudia tendo moja mara laki kadhaa ili kuonyesha watu waliokwama katika marudio alikuwa mhusika wa 37. Makosa yanaonekana. Kuna mistari myeusi kandokando ya miili, picha hutetemeka, rangi hubadilika kidogo. Leo, ambapo kompyuta ingeifanya kazi hiyo kwa muda mfupi na bila dosari, ile mistari myeusi ndiyo imegeuka kuwa sehemu bora ya filamu. Kila mhusika anatembea na mpaka wake, kama mtu aliyekatwa na mkasi kutoka mahali pengine akabandikwa hapa.

Filamu si kamilifu. Wanawake wake wamegawiwa kwa uvivu: wa kunyonyesha, wa kuvaa, wa kitandani. Mtu angeweza kujibu kwamba msanii anaonyesha mazoea na ndivyo mazoea yalivyogawa kazi; lakini wanaume wake wamepewa vichekesho vya namna nyingi, ilhali kwa wanawake hao kamera imetegemea zaidi mwili. Chantal Akerman, miaka mitano kabla, katika Jeanne Dielman, alikuwa ameonyesha nini kinaweza kupatikana mwanamke mmoja anapoachiwa muda wa kumenya viazi hadi mwisho. Filamu ile ina dakika 201, na ndani yake mazoea yanamrudishia mwanamke nafsi yake polepole, kwa kosa dogo dogo la jikoni, mpaka anapoua. Rybczyński hakuwa na muda huo wala hakuutaka. Tena wapenzi wake wawili ni mzaha mwepesi. Wangeondolewa, chumba kisingepungukiwa na kitu.

Lakini kikongwe hana kosa. Mtazamaji akirudia filamu kwa ajili yake tu, atagundua kwamba hakuna dalili yoyote iliyotangulia. Hakuutazama mpira hata mara moja. Hakumwita mvulana. Amelala kama kila alalaye mchana kwa sababu ya umri, na wengine wakimzunguka. Wapo wanaosema ni kifo kinachotoka chumbani, na wengine kwamba ni yule mvulana mwenyewe mwishoni mwa maisha, kwa kuwa wahusika wamepangwa tangu utoto hadi uzee. Maelezo yote mawili humfanya alama ya kitu kingine, na hivyo humnyang'anya tena ile nafsi aliyoipata kwa shida. Yamkini ni afadhali kumwacha alivyo: mwanamke mzee, peke yake, aliyesikia kitu kikidunda sakafuni akaenda kukiokota kwa kuwa hakuna mwingine aliyekuja. Ameinama kwa taabu. Mpira ameushika kwa mikono miwili, naye anatoka bila kuangalia nyuma. Chumba kinabaki na kitanda, meza na kabati.